Kaburi la Aicha Lasubiri Kabambare

Kilio kilikuja kwanza. Watu hawakuonekana bado.

Kumbukeni tulipoachana. Tuko Kasongo, ndani ya lupango, ua wa nyumba ya baba yake Emilienne. Aicha amelala mkekani, amefunikwa shuka jeupe, pamba puani. Wanawake saba wamemzunguka, wanalia kwa ajili ya kamera. Emilienne, aliyeiandika filamu hii, anayeiongoza na kuigharamia mwenyewe, anainua mkono na kupaza sauti: "Kata!"

Wanawake saba wakanyamaza papo hapo, kama redio iliyozimwa.

Kilio hakikunyamaza.

Kilitoka nje ya ua, upande wa barabara. Kile cha ndani kilikuwa na maneno. Emilienne aliyatunga mwenyewe, akawakaririsha wanawake wake siku tatu nzima:

*Nani kafunga mlango, nikabaki na taabu?*
*Nimekuita kwa jina, kimya kimekuwa jibu.*

Kile cha nje hakikuwa na maneno. Kilikuwa mlio wa koo lililokauka kwa vumbi, na chini yake ngurumo za pikipiki. Moja. Mbili. Nne.

"Kasimu," Emilienne alimnong'oneza mpiga picha wake. "Wale umewaita wewe?"

"Sijaita mutu, Yaya," alijibu, akimwita dada mkubwa kama wote walivyozoea.

"Wanalia kupita wetu."

"Niendelee kupiga?"

Swali hilo dogo ndilo lililozaa balaa lote la leo. Emilienne alipaswa kusema hapana. Alikuwa ametafuta kilio cha namna ile miaka mitatu, hakukipata kwa kwaya wala kwa kitunguu.

Akasema, "Endelea."

Lango likasukumwa. Akaingia mwanamke pekupeku, kitenge kimefungwa kiunoni kama mkanda, akaenda moja kwa moja kumwangukia Aicha pale mkekani. Nyuma yake wanaume wanne, weupe kwa vumbi kama watu waliogaragazwa kwenye unga wa muhogo. Mmoja alikumbatia robota la kitambaa kipya.

Wale wanawake saba wakatazamana. Wakadhani ni waigizaji wapya. Wakaanza kulia tena, kwa bidii zaidi, ili wasipitwe na wageni!

"Aicha wangu!" alilia yule mwanamke. "Aicha wa dada yangu! Ulituaga Ramadani, ukasema utarudi! Ndio kurudi huku?"

Chini ya shuka, Aicha alisikia sauti aliyoijua tangu tumboni.

"Mama mudogo?" maiti akauliza.

Mama mdogo Fatuma hakujibu. Macho yalimgeuka, akaanguka chali. Wanaume watatu walitoka mbio. Mmoja aliruka ua na kuiacha pikipiki yake inanguruma peke yake langoni.

Wa nne hakukimbia. Alikuwa Abdallah, muuza vitambaa wa Kabambare, ndugu wa kiume wa mama yake Aicha. Alilishusha robota lake taratibu, akapiga goti, akachomoa pamba zile moja moja, akaweka kiganja mbele ya pua ya mpwa wake. Pumzi ikakipiga kiganja.

Akamzaba kofi. Kisha akamkumbatia, na mabega yake mapana yakaanza kutetemeka.

"Uko muzima?"

"Niko muzima, Mujomba."

"Tangu lini?"

"Tangu... tangu nilizaliwa."

"Sasa jana asubuhi, saa kumi na mbili, ni nani alikufa?"

Mjomba Abdallah akatoa mfukoni karatasi iliyokunjwa mara nne, akasoma kwa sauti ya mtu aliyeirudia njia nzima:

"Familia ya Aicha binti Saidi wa Kabambare, anayeishi Kasongo, inawatangazia ndugu na jamaa wote kifo chake cha ghafla. Mwili utapelekwa kwao. Wenye kusikia wawaambie wasiosikia."

Emilienne alilijua kila neno. Maneno yale yalikuwa yake. Aliyaandika kwa kalamu yake, kwenye daftari la shule, ukurasa wa mwisho.

Sikilizeni jinsi ilivyokuwa. Emilienne hawapi waigizaji wake majina ya kubuni. Alijaribu zamani, wakawa wanasahau, wakaitana kwa majina ya nyumbani katikati ya picha. Tangu hapo, katika filamu zake Aicha ni Aicha. Sasa filamu hii ilihitaji sauti ya redio ikitangaza kifo. Siku nne nyuma aliipeleka karatasi yake kwa Joël, mtangazaji wa redio ya mtaani. Joël akaisoma ndani ya kinasa, vizuri sana, hadi mwenyewe akasikia huzuni. Emilienne akashukuru, akaondoka na sauti.

Karatasi akaisahau mezani.

Meza ile ndiyo meza ya komunike, matangazo ya redio. Mbuzi aliyepotea, mkutano wa wazazi, kifo cha mtu: vyote hulala pale vikisubiri asubuhi. Juzi Joël alikwenda Nyangwe kwa mashemeji. Aliyeshika nafasi yake alizikuta karatasi, akazisoma moja baada ya nyingine, kama kazi inavyotaka.

Hapa mtaani waliosikia walicheka wao kwa wao. Walisema Emilienne sasa ameikamata hata redio. Lakini motari mmoja, mwendesha pikipiki aliyekuwa anafunga mizigo ya kwenda Kabambare, hakucheka; aliyaandika maneno yale kwenye karatasi, akaondoka nayo. Redio ile haifiki Kabambare. Habari ya kifo hufika bila antena.

"Sasa kwa nini hamukupiga simu?" aliuliza Kasimu.

Mjomba alimtazama kama mtu anayetazama nzi kwenye mchuzi.

"Simu? Tumepiga mpaka vidole vikachoka!"

Wote wakageuka kuitazama ndoo. Ndoo ya bluu yenye kifuniko, iliyokaa chini ya kitanda cha mianzi pale barazani. Ni sheria ya Emilienne: siku za kupiga picha, simu za wote huingia ndooni, hazitoki hadi picha ya mwisho. Mwaka jana simu moja ilimlilia katikati ya picha ya mahari. Hakurudia kosa.

Kasimu akafungua kifuniko. Simu ya Aicha ilikuwa na miito arobaini na moja.

Emilienne akapiga magoti mbele ya wageni, palepale kwenye mkeka wa maiti.

"Mujomba, ni kosa yangu. Si ya Aicha, si ya redio. Ni yangu. Nihukumiwe mimi."

Mama mdogo Fatuma alikuwa amemwagiwa maji, ameketi, anamshika Aicha mguu, anaubana, anaubana tena.

"Una damu," alimwambia. "Una damu, mutoto weye."

"Niko nayo, Mama mudogo. Unaniumiza."

"Acha nikuumize!"

Watu wakacheka kidogo, kile kicheko chenye machozi ndani. Mjomba akapangusa vumbi usoni.

"Basi," alisema. "Mutoto iko muzima. Mungu asifiwe. Kosa ni la mutu, na mutu husamehewa. Mutupe maji ya kunywa, tutapumzika, kesho tutarudi naye, mama yake amuone."

Emilienne alishusha pumzi. Yalikuwa yamekwisha.

"Kaka," alisema Mama mdogo Fatuma. "Ile kitu nyekundu inayowaka pale ni nini?"

Ilikuwa taa ya kamera.

Tangu lango liliposukumwa, Kasimu hakuizima. Iliona kila kitu: mwanamke pekupeku, robota la kitambaa, kuanguka, kofi, kukumbatiana. Iliona machozi ambayo hakuna mtu aliyeyaandika.

"Munatupiga picha?" Mama mdogo alisimama. "Kilio changu? Miye nimepanda pikipiki tangu alfajiri, nimeanguka matopeni mara mbili, nalia mutoto wa dada yangu, na nyinyi munanipiga picha?"

"Mama, tulidhani..." Emilienne alianza.

"Mulidhani nini? Mulidhani nacheza?"

Mjomba Abdallah hakupaza sauti. Hilo ndilo lililotisha. Alikaa katikati ya mkeka, akaliweka robota magotini, akalifungua. Kilikuwa kitambaa cheupe. Kilikwisha kukatwa kwa kipimo cha Aicha.

"Nilikuwa nasamehe," alisema. "Sasa nisikilize, binti. Kabambare kuna kaburi. Tumelichimba jana magharibi, kando ya babu yake. Wachimbaji wamewasha moto, wamelala pembeni kulilinda. Kwetu kaburi likifunguliwa halifukiwi bule. Litamungoja mwenyewe."

"Nasikia watu huzika mugomba mahali pa maiti," alisema Emilienne haraka. "Nitatafuta mugomba, Mujomba. Nitaukata mwenyewe. Nitaubeba."

"Mugomba ni wa mugonjwa aliyepona. Huyu hakuugua. Huyu alikufa! Jina lake limesomwa. Watu wamelia. Sanda imekatwa. Shehe atasema yake, na kitabu iko haki, lakini kule hakuna mutu atakubali kutupa udongo juu ya shimo tupu lenye jina la mutoto wetu. Aicha moja iko hapa, anapumua. Aicha ingine iko wapi?"

Akanyoosha kidole kuelekea kamera.

"Iko mule. Aliyekufa ndiye atazikwa. Lete ile filimu, yote."

Emilienne akasimama kati yake na kamera.

Yote? Miaka mitatu aliyofundisha darasa la tano mchana na kuandika jioni? Wakubwa walimwambia sinema hutoka Kinshasa, Maniema hutoa mpunga tu. Akawajibu kwa kushika kamera ya kuazima na kuwafundisha wauza samaki kuigiza, hadi wauza samaki wakaliza watu. Filamu ya kwanza ilizama mtoni Lwalaba, mtumbwi ulipopinduka njiani kwenda Nyangwe. Waliyoipiga upya ilikuwa nakala moja tu, ndani ya diski nyeusi yenye ukubwa wa sabuni. Ilibaki picha moja, hii ya leo, filamu ikamilike.

"Mujomba, chukua kamera. Chukua nyumba hii, baba yangu atanilaani, chukua. Filimu niachie."

"Kamera haikufa."

"Chukua hii ya leo tu! Hii ya kilio! Nitaifuta mbele yako."

"Na zile zingine zenye mutoto wetu anaumwa, anaagana, anakata roho? Unataka kaburi limeze kichwa, liache miguu?"

Emilienne akamgeukia Aicha. Hawa wawili walikuwa wamelala mkeka mmoja njia nzima ya Nyangwe. Walikula ugali kwa sombe, majani ya muhogo, sahani moja. Aicha ndiye aliyesema, siku ile mtumbwi ulipopinduka, "Yaya, tuanze upya."

"Aicha. Sema neno."

Aicha alikuwa bado amejifunika shuka la mauti hadi kifuani. Hakumtazama.

"Mama hajakula tangu jana, Yaya."

"Najua. Lakini sema neno."

"Uwape."

Neno moja, na likamwingia kama kisu cha kuvunia mpunga. Emilienne akamgeukia mpiga picha wake.

"Kasimu. Wape diski."

Kasimu aliwapa kisogo kidogo. Kisha akaingiza mkono mfukoni, akatoa diski nyeusi, akamkabidhi Mjomba pamoja na kadi ya siku ile. Mjomba alivilaza kwenye kipande cha sanda, akakunja, akafunga mafundo matatu, moja kichwani, moja katikati, moja miguuni, kama mtu kamili. Akamwandikia dada yake ujumbe kwa simu, na Mama mdogo Fatuma akaanza kuomba dua. Wale wanawake saba, ambao sasa hawakujua tena wanaigiza au hawaigizi, wakainamisha vichwa.

Emilienne akapiga magoti kando ya kifurushi. Kasimu akawahi kumshika kwapani, akamwinua, na katika kumwinua akaleta mdomo sikioni.

"Usilie, Yaya. Ile ni harusi."

"Nini?"

"Harusi ile nilipiga mwezi jana. Kadi nimeitoa nyingine, tupu. Filimu iko mufukoni mwangu, kushoto. Waache wazike bibi-harusi."

Moyo wake ukaruka kama samaki aliyerudishwa majini!

Filamu ni nzima. Kilio cha Mama mdogo ni kizima. Kesho wageni watapanda pikipiki na kifurushi chao, watakifukia, watakula pilau, mambo yatakwisha. Nani angejua? Udongo hausemi.

Akajipangusa uso ili furaha isionekane.

Wakati huohuo simu ya Mjomba ikalia. Ilikuwa Kabambare. Mama yake Aicha alikuwa amepandishwa kilimani, mahali pekee mtandao unaposhika, akishikwa mikono na watu wawili. Mjomba akaifungua sauti ili wote wasikie. Upepo wa kilima ukaingia lupangoni.

"Mama!" Aicha aliikamata simu kwa mikono miwili. "Mama, ni miye! Sikufa! Ilikuwa filimu!"

Upepo. Kisha sauti ya mwanamke, kavu, bila machozi, kwa kuwa yalikwisha.

"Nasikia sauti."

"Ni yangu, Mama!"

"Hata jana ilikuwa sauti. Redio ilikuwa sauti. Kama hawa watu wanaweza kukuua na mashine, wanaweza kukuongelesha na mashine. Nipe ule mwanamuke."

Aicha akatazama simu kama kitu kilichomng'ata. Akampa Emilienne.

"Nakusikia, Mama."

"Ni weye ulimuua mutoto wangu?"

Kasimu alitikisa kichwa, usijibu hivyo. Emilienne akajibu.

"Ni miye."

"Uko na mutoto?"

"Hapana, Mama."

"Uko na nini, sasa, cha kukuuma?"

Emilienne alitafuta. Mume hana. Shamba hana. Kazi ya shule waliichukua mwezi uliopita, kwa kukosa vipindi akifuata picha zake.

"Niko na filimu, Mama. Hiyo tu."

"Basi unajua," ilisema sauti ya kilimani. "Ndugu yangu amenitumia ujumbe kwamba umeitoa. Nitauliza mara moja tu, kwa sababu miye nitaishi kando ya ile kaburi maisha yangu yote. Mutoto wangu akipata homa, nitaitazama. Akizaa, nitaitazama. Umeitoa yenyewe?"

Emilienne alikitazama kifurushi cheupe chenye mafundo matatu. Ndani yake watu wasiojulikana walikuwa wanacheza ngoma na kukata keki. Akamtazama Kasimu. Kasimu alikuwa ameweka kiganja juu ya mfuko wa kushoto, anamsihi kwa macho: Yaya, neno moja, sema ndiyo.

Neno ndiyo lilikuwa limefika ulimini.

"Hapana, Mama," alisema Emilienne. "Walichofunga ni harusi ya watu."

Lupango likalipuka.

"Wezi!" alipiga kelele Mama mdogo Fatuma. "Wezi wa maiti!"

Mjomba Abdallah alikwisha kusimama, akamkwida Kasimu shati hadi vifungo vikatawanyika. "Ungenizikisha harusi? Mbele ya baba yangu aliyelala pale? Weye, kijana, ungenifanya mutu wa kuchekwa na wafu?"

"Yaya, umetuua!" Kasimu alilia. Alilia kweli. "Miaka mitatu, Yaya! Na miye nilikuwa mule! Si yako peke yako!"

Alikuwa na haki. Emilienne alikwenda hadi kwake katikati ya purukushani, akaingiza mkono mfuko wa kushoto, akaitoa diski na kadi. Akavilaza juu ya kitambaa cheupe, mbele ya miguu ya Mjomba, na purukushani ikafa yenyewe.

Simu ilikuwa bado sikioni.

"Kwa nini umeniambia?" iliuliza sauti. "Nisingejua."

"Uliniuliza, Mama."

Mtu mmoja kule kilimani alikohoa. Emilienne akafumba macho.

"Mama, weye umelia mutu ambaye hukumuona maiti. Umeona uchungu wake?"

"Nimeuona."

"Na miye nizike filimu yangu hivyohivyo? Hakuna mutu hata mumoja ameiona. Hata miye sijaiona yote. Itashuka chini kama kitu ambacho hakikuzaliwa."

"Usimusikilize, dada!" Mjomba alipaza sauti kuelekea simu. "Huyu anajua kupanga maneno!"

"Nyamaza, Abdallah," ilisema simu. "Nawe, endelea."

Aicha alikuwa amesimama. Shuka la mauti lilianguka miguuni mwake, naye akakanyaga juu yake kuja karibu. Kasimu, shati wazi, aliinua uso. Emilienne alivuta pumzi, na sauti ilipomtoka ilisikika hadi langoni, ambako ile pikipiki iliyoachwa ilikuwa bado inanguruma.

"Kesho alfajiri nitapanda pikipiki moja na mutoto wako. Nitamuleta mbele yako kwa miguu yake, umushike, umubane mpaka alie. Kisha nitatundika hiki kitambaa cheupe kwa ukuta wa nyumba yako, na filimu itaonekana mara moja, mara moja tu, mbele yako na mbele ya wale waliochimba. Picha ya mwisho ikizimika, Mama, hakuna mutu atanisukuma. Nitashuka mule shimoni miye mwenyewe, na nitailaza kwa mikono yangu hii miwili. Nakuahidi."